Lenzi ya Karibu kwenye Mazishi ya Ikonge

Nitaisema mwenyewe kabla hamjaisikia kutoka kwa watu wa Ikonge, kwa sababu wao wakiisimulia huongeza chumvi na hii haihitaji chumvi yoyote: mimi ndiye yule mpiga picha aliyepewa kazi moja tu, kumwonyesha binti uso wa mama yake kwa mara ya mwisho, akamwonyesha kisigino cha jirani. Naona aibu hata sasa ninapoandika. Lakini kuna vijana wengi huniuliza nilivyoanza kutengeneza filamu, na kwa nini filamu zangu ziko vile zilivyo, nami siwezi kuwajibu vizuri bila kupitia siku hiyo, kwa hivyo kaeni, tutakwenda polepole, na mahali pa kueleza nitaeleza.

Tuanze na filamu zenyewe. Mimi sitengenezi filamu za mtu kumfukuza mtu. Filamu yangu ya kwanza ilikuwa vidole vya wachuma chai, vidole tu, kwa karibu sana, mpaka unaona ule weusi wa majani ulioingia kwenye nyufa za ngozi na haujatoka kwa sabuni yoyote. Kabla ya kuzima taa nilimpa kila mtazamaji jani bichi alisugue kiganjani, ili harufu impande puani huku macho yakiona na masikio yakisikia majani yakikatika, tk, tk, tk. Nairobi walipiga makofi wamesimama. Niliporudi nikaionyesha kwetu Nyamarambe, kwenye ukumbi wa shule, mzee mmoja akavumilia karibu mpaka mwisho ndipo akaniuliza kwa upole, "Sasa mwizi anatokea saa ngapi?" (Sikumlaumu. Alikuwa ameacha ng'ombe wake kuja kuniona.)

Filamu ya pili ilikuwa vumbi la mawe laini yanayochongwa huku kwetu, na ya tatu ilikuwa ndizi zikiiva ndani ya shimo, na kila moja ilinipeleka mbali zaidi na nyumbani, maana kadiri wageni walivyonisifu ndivyo jamaa zangu walivyozidi kutojua ninafanya kazi gani. Nilikuwa na imani moja niliyopenda kuwafundisha watu: kwamba jicho likiona kitu kizima linakimbia, linasema nimeshakijua, lakini likionyeshwa kipande kidogo kwa karibu linakaa, na ngozi inaamka. Bado naamini hivyo. Ila sasa naamini na kitu kingine, na nitakifikia.

Mama mkubwa, yaani dada mkubwa wa mama yangu, aliolewa Ikonge, kule Nyamira, akakaa huko na chai yake maisha yote. Alikuwa na watoto wawili. Onchari yuko nyumbani, na Kwamboka yuko Amerika, anafanya kazi ya kuwatunza wazee, na makaratasi yake yalikuwa hayajakamilika, ikiwa na maana kwamba akitoka hangeruhusiwa kurudi. Mama mkubwa alipofariki, baada ya kuugua kwa muda mrefu, Kwamboka alinipigia simu mimi, si kaka yake.

"Kerubo," akasema, "kila mtu ananiambia alilala tu. Onchari, alilala tu. Majirani, alilala tu. Kuna mtu hufa huko nyumbani bila kulala tu?"

Nikahamishia simu sikio la pili.

"Kwa simu alikuwa ananiambia yuko sawa. Wiki baada ya wiki, niko sawa, usitumie kitu, niko sawa. Unakumbuka akiwa na maumivu alivyokuwa anakunja hapa, katikati ya nyusi? Hata akicheka, pale palikuwa panabaki pamekunjika. Mimi nikimwona uso nitajua. Wewe unajua kuangalia vitu. Nionyeshe baba."

(Kwa wasiojua Kikisii: kwetu baba ndiye mama, na baba mzazi ni tata. Kwamboka akilia hulia kwa lugha ya nyumbani.)

Nikamwambia, "Utamwona. Nakuahidi."

Hilo ndilo lililokuwa juu yangu, na naomba mlishike mnaposoma yanayofuata. Si filamu. Ni sehemu ndogo ya ngozi katikati ya nyusi mbili, ambayo binti alitaka kuiona ili ajue kama mama yake alikufa akiteseka.

Mazishi yalikuwa Ijumaa. Mama mkubwa alikuwa Msabato, na Wasabato wakizika Ijumaa hawana mchezo na saa, kwa sababu jua likizama Sabato imeingia, na koleo inatakiwa iwe imeshaoshwa na kuwekwa. Mzee wa kanisa aliyeongoza ibada alianza kwa kutangaza mambo mawili. La kwanza, hotuba ziwe fupi. La pili, simu zote mifukoni: mazishi yaliyotangulia mtu alimpiga marehemu picha, ikazunguka kwenye magrupu mpaka ikawafikia watoto wake wakiwa shuleni, na familia ikaumia. "Mwenye ruhusa ya picha leo ni mmoja," akasema akininyooshea mkono, "ni huyu binti yetu aliyesomea." Watu wakageuka kuniangalia. Kwa mara ya kwanza katika maisha yangu ukoo mzima ulijua ninafanya kazi gani, na nikajisikia mrefu.

Mitambo ilikuwa hivi. Kamera yangu iliunganishwa na kompyuta, kompyuta ikaunganishwa na Kwamboka kule Amerika, naye angeona ninachoona mimi. Picha hiyo hiyo ilikwenda kwenye skrini kubwa upande wa hema, kwa ajili ya watu waliokaa nyuma. Sauti ya Kwamboka ilipita kwenye spika za jamaa tuliyemkodi, kwa kuwa naye alipangiwa kutoa rambirambi zake. Intaneti ilitoka kwenye simu yangu, ambayo tuliifunga ndani ya mfuko wa plastiki juu kwenye tawi la mwavokado, ndipo mahali pekee kwenye boma lile penye mtandao wa maana. Kwa hiyo simu yangu ilikuwa mtini.

Sasa lenzi. Nilikuwa na mbili. Moja ya kawaida, inayoona watu, nyumba, milima. Ya pili nimeiunga mwenyewe: ni lenzi kuukuu niliyoigeuza nyuma mbele na kuifunga kwa kipete, na ikikaa hivyo inaona vizuri kitu kilicho umbali wa kiganja tu, kingine chote ni ukungu. Asubuhi nilitumia ya kawaida. Gari la kuleta mwili likaingia, wanawake wakalipokea kwa kilio, Kwamboka akaona yote, akaniandikia kwenye kompyuta, "Asante dada." Mambo yalikuwa mazuri. Ningeacha hivyo hivyo tungekuwa na simulizi nyingine.

Lakini hotuba zilianza, na nyinyi mnazijua hotuba za mazishi. Nikaona matope yameshika kwenye pindo za nguo za watu, nikaona mikono ya wazee imekunjana juu ya mikongojo, nikasema moyoni, wacha niweke ile ya karibu kidogo tu, mpaka hotuba ziishe. Kutazama mwili kulikuwa mwisho kabisa kwenye programu. Nikabadilisha. Ile ya kawaida nikaitia kwenye begi lake, na kwa kuwa manyunyu yalikuwa yameanza, nikaliweka begi ndani ya gari la Onchari, kiti cha nyuma, pakavu.

Jenereta ikaanza kukohoa. Onchari akamtupia shemeji yake ufunguo, gari likaondoka kwenda mjini Keroka kutafuta mafuta.

Mimi sikuliona likiondoka. Nilikuwa nimepiga magoti nyuma ya safu ya viti, jicho kwenye kamera, nimepata kisigino. Jamani, kilikuwa kisigino cha ajabu. Kilikuwa na nyufa zilizotawanyika kama mito kwenye ramani, na ndani ya kila ufa kuna udongo mwekundu wa miaka, na matone ya mvua yakikigusa yanagawanyika na kukimbia kwenye nyufa zile. Nikakaa nacho. Nikasahau kwamba kilikuwa kwenye skrini yenye urefu kumshinda mtu.

Nyuma kule watu wakaanza kunong'ona. "Hii ni nini, ni mkate?" "Ni mlima." "Mlima gani unasogea?" Kisha kicheko, kile cha mazishini, cha kubanwa puani. Mwenye kisigino, Mama Nyanchama, jirani wa mama mkubwa na muuza ndizi ambaye hajawahi kushindwa kwa maneno, akageuka kuangalia skrini, akaangalia, akaangalia, akainua mguu, na mlima ukainuka.

"Baba minto! Huo si mguu wangu?" (Baba minto ni kama kusema, mama yangu wee!)

Hema lote likacheka. Mzee wa kanisa akagonga kipaza sauti. Nikasimama nimeiva uso, na hapo ndipo nilipaswa kwenda kuchukua ile lenzi, na hapo ndipo nilipoona gari halipo.

"Gari liko wapi?" nikamnong'oneza Onchari.

"Keroka. Linarudi saa hii."

"Kuna kitu changu ndani."

"Linarudi, dada, tulia."

Nikatulia. Programu ilikuwa na hotuba nyingi bado. Lakini mbingu za Nyamira hazisomi programu. Wingu jeusi likapanda kutoka upande wa mashamba ya chai, upepo ukaingia chini ya hema, na mzee wa kanisa, mwenye macho mawili, moja kwa wingu na moja kwa saa, akatangaza kwamba hotuba zilizobaki zingetolewa kaburini kwa ufupi, na kutazama mwili kungefanyika sasa hivi, familia kwanza. Kwaya ikasimama ikaanza kuimba. Jamaa wa spika akateremsha sauti ya kompyuta ili isigongane na kwaya. Jeneza likafunguliwa.

Naomba nieleze hapa kwa utulivu, kwa sababu wengi huniuliza, si ungefanya hivi, si ungefanya vile. Ningeomba simu ya mtu, ndiyo. Simu zilikuwa mifukoni kwa amri, na mimi ndiye mwenye ruhusa, nikaona aibu kunyoosha mkono na kusema mbele ya watu kwamba mpiga picha aliyesomea hana kitu cha kupigia picha, na tena ameshachekwa. Ningeisogeza ile lenzi ya karibu mpaka usoni, ndiyo. Lakini umbali wa kiganja kutoka kwenye uso wa marehemu, huku Onchari amesimama hapo analia, mkono ulikataa. Kwa hiyo nilifanya nini? Nilifanya ninachojua. Niliishusha kamera kwenye ukingo wa jeneza, kwenye kile kitambaa cheupe chenye vitobo vya maua, na wakati huo huo chozi la mtu likadondoka pale, sijui la nani, likakaa juu ya uzi kwa muda, likazama, kitambaa kikageuka rangi taratibu kama maji yanavyopanda kwenye utambi.

Nikafikiri, hii ndiyo picha nzuri kuliko zote nilizowahi kupiga. Nisamehe Mungu, ndivyo nilivyofikiri. Nikafikiri pia, Kwamboka ataelewa, ataona zaidi ya uso. Nilikuwa nimefumba jicho moja na jingine liko kwenye kamera, na pumzi nimeishika ili picha isitikisike. Kwaya ikaimba. Familia ikapita. Majirani wakapita. Mvua ikaanza kupiga turubai, mzee wa kanisa akaashiria, wanaume wakafunga jeneza, wakakaza misumari yake ya kuzungusha.

Kwaya ikamaliza. Jamaa wa spika, kazi yake nzuri tu, akapandisha sauti ya kompyuta kwa ajili ya rambirambi.

"...sioni! Kerubo, hicho ni kitambaa! Nionyeshe baba, nionyeshe uso, sioni kitu, mbona mtu hanisikii? Onchari! Mwambieni Kerubo ainue kamera! Wameshafunga? Wamefunga?"

Sauti ilitoka kwenye spika nne, ikaenda mpaka ng'ambo ya bonde. Alikuwa akiita hivyo wakati wote wa wimbo, na sote tulikuwa tunaimba.

Onchari akageuka kuniangalia. "Hukumwonyesha?"

Nikafungua mdomo. Kitu pekee kilichotoka kilikuwa, "Lenzi iko Keroka."

Msicheke. Au chekeni, wapo waliocheka hata pale, wale wa nyuma wasiojua kilichotokea. Onchari akaenda kwa mzee wa kanisa akaomba lifunguliwe tena, kidogo tu, kwa ajili ya dada yake. Mzee aliangalia wanaume walioshika kamba, akaangalia maji yaliyokuwa yakianza kuteremka ndani ya kaburi, na wazee wa ukoo waliokaa nyuma yake wakatikisa vichwa kabla hata hajawauliza. "Mama ameshaagwa, mwanangu," akasema, na alisema kwa huruma, hilo nitalikumbuka. "Ukimfungulia tena utamwambia nini? Kwamba hatukumaliza? Na jua linakwenda." Kule kwenye spika Kwamboka hakukata. Tulisikia pumzi yake.

Ndipo Mama Nyanchama akasema, si kwa kelele, lakini kwa sauti ile ya watu wa sokoni inayofika yenyewe:

"Kisigino changu alikiona vizuri. Uso wa marehemu hakuuona."

Tukamzika kwenye mvua. Gari la Onchari lilirudi likiwa limechafuka mpaka madirishani watu walipokuwa wakinawa mikono. Begi langu lilikuwa kiti cha nyuma, kavu kabisa.

Watu wengi huniambia aibu yangu ni ile ya skrini na spika, na kweli kwa miezi mingi nilikuwa nikipita Ikonge nasikia nyuma yangu, "Huyo ndiye wa kisigino," na wenye utani wananyanyua miguu. Hiyo nimeizoea. Mama Nyanchama mwenyewe siku hizi huniita, "Njoo mpiga picha wangu," na hunipa ndizi ya juu. Hiyo siyo.

Aibu yangu ni simu ya Jumapili iliyofuata. Kwamboka alikuwa ametoka kazini, nasikia mabasi nyuma yake. Nilikuwa nimejiandaa. Niliwaza nimtumie ile picha ya chozi, nimweleze kwa upole, kama ninavyowaelezea watu, jinsi kitambaa kilivyolipokea.

"Sitaki filamu," akasema. "Sijakasirika, Kerubo. Nimechoka tu kukasirika. Wengine nimewauliza, wote wanasema alikuwa kama amelala. Wewe hutasema hivyo, najua. Wewe ulikuwa karibu kuliko wote. Niambie tu kwa mdomo. Pale katikati ya nyusi. Palikuwa pamekunjika?"

Nikatafuta. Nawaambieni ukweli, nilifunga macho nikatafuta. Niliona kitambaa, uzi kwa uzi. Niliona kitobo cha ua lenye petali iliyotatuka. Niliona kivuli cha kidole cha mtu kikipita juu ya nyeupe. Nilikuwa nimesimama mahali ambapo ningeinua kichwa tu, bila kamera, bila lenzi yoyote, kwa haya macho mawili aliyonipa Mungu bure, ningemwona mama mkubwa aliyenilisha utotoni, na sikuinua. Mimi mwenyewe sikumuaga. Hilo sikuwa nimelijua mpaka aliponiuliza.

Ningeweza kusema, palikuwa laini. Neno moja tu. Angelala.

"Sikuona," nikasema.

Basi moja likapita kule kwake, na jingine.

"Hata wewe," akasema. Haikuwa swali.

Basi, nyinyi mnaoniuliza jinsi ya kuanza, endeleeni, tafadhali, msiogopeshwe na hadithi yangu. Pigeni picha za visigino na vumbi na moshi, zina mambo mengi kuliko watu wanavyodhani, na akitokea mzee akauliza mwizi yuko wapi, mpeni jani asugue. Ila mimi nimejiwekea sharti, na nawaachia mlitumie mkipenda: nikifika mahali, kamera inabaki ndani ya begi, na begi linabaki begani, mpaka nimemwangalia kila mtu usoni na kumuuliza aliyeniita anataka kuona nini. Na jeneza likiwa wazi, siwashi kitu. Naweka mikono nyuma, nasimama, naangalia.

Kwamboka hunipigia bado. Hunisalimia, huniuliza habari za mvua, kama chai imechumwa, kama ule mwavokado umezaa. Katikati ya nyusi haulizi tena.